Homa ya mgunda: hatari iliyo kwenye bakuli la mbwa wako

Mwezi Julai 2022 wakazi wa Ruangwa, mkoani Lindi, waliishi kwa hofu. Wagonjwa walikuwa wakifika kwenye vituo vya afya na homa, maumivu makali ya kichwa na uchovu, na baadhi yao wakitokwa na damu puani. Walipimwa Ebola, wakapimwa Marburg, wakapimwa UVIKO-19, hakuna kilichoonekana. Mitaani ukaitwa ugonjwa wa ajabu. Tarehe 18 Julai aliyekuwa Waziri wa Afya, Ummy Mwalimu, akautangazia umma kwamba ni leptospirosi, yaani homa ya mgunda. Kufikia siku hiyo wagonjwa walikuwa 20, na watatu kati yao walikuwa wameshafariki.

Habari zote zilihusu watu, na ilikuwa haki iwe hivyo. Lakini katika kaya zetu yupo kiumbe mwingine ambaye ugonjwa huu humfikia kirahisi kuliko sisi. Analala chini, anakunywa maji ya dimbwi, ananusa kila kona iliyokojolewa, na usiku kucha anafukuzana na panya. Ni mbwa. Makala haya ni kwa ajili yake na kwa ajili ya anayemfuga, kwa sababu wengi wetu tunaamini kwamba mbwa akishachanjwa kichaa basi kazi imekwisha.

Leptospira ni bakteria mwembamba mno, aliyejisokota mithili ya waya wa simu ya mezani. Makazi yake ni mirija midogo ndani ya figo za wanyama, na anatoka nje pamoja na mkojo. Panya anaweza kuishi naye miezi mingi, hata maisha yake yote, bila kuonyesha dalili yoyote. Mkojo huo ukidondokea vumbi kavu lililo juani, bakteria hufa upesi. Ukidondokea maji yaliyotuama, tope au udongo wenye joto uliolowa, anaweza kudumu wiki kadhaa, na mazingira yakimkubali, miezi. Wala si lazima amezwe ndipo aingie mwilini. Mchubuko kwenye unyayo, kidonda kidogo katikati ya vidole, utando wa jicho, pua au ufizi, yote hayo ni milango yake. Akishaingia kwenye damu husambaa haraka, akaharibu ini na figo, kisha akatulia kwenye figo na kuanza kutoka na mkojo wa mgonjwa mpya.

Wanaodhani haya ni mambo ya porini tu wafikirie Kibera, Nairobi. Watafiti walinasa panya 224 katika makazi hayo na kuzichunguza figo zao. Panya 41 walikuwa na leptospira. Hiyo ni asilimia 18 ya panya wanaopita chini ya vitanda, juu ya vyombo na kando ya mabanda ya mbwa. Upande wa pori nako hali si nyepesi. Katika eneo la Katavi na Rukwa, ambako mifugo na wanyamapori huchangia malisho na maji, uchunguzi wa damu ulikuta kingamwili za leptospira kwa ng'ombe, mbuzi, nyati, panya na binadamu. Kwa watu ilikuwa takriban watatu katika kila kumi. Na Morogoro, Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo kimemfuatilia bakteria huyu kwa miaka mingi, kiasi kwamba aina mojawapo iliyopatikana kwa ng'ombe wa huko ilipewa jina la Sokoine.

Mbwa amesumbuliwa na leptospira tangu kabla bakteria huyo hajajulikana. Mwaka 1886 daktari Adolf Weil wa Heidelberg, Ujerumani, alieleza ugonjwa wa binadamu wenye homa, macho ya njano na figo kushindwa kazi. Miaka 12 baadaye, katika mji wa Stuttgart, mbwa walianza kuugua na kufa kwa wingi baada ya maonyesho ya mbwa. Bakteria mwenyewe alionekana kati ya 1914 na 1916, pale Wajapani Ryokichi Inada na Yutaka Ido walipokuwa wakiwachunguza wachimbaji wa makaa ya mawe. Baadaye ikagunduliwa aina iliyozoea mwili wa mbwa, Canicola. Na isidhaniwe kwamba ugonjwa umebaki kwa maskini au mashambani: mwaka 2021 Kaunti ya Los Angeles, Marekani, ilipata mlipuko uliogusa mbwa zaidi ya 200, wengi wao wakiwa wamepitia vituo vya kulelea mbwa.

Sasa tuingie uani kwetu.

Mbwa wengi wa mjini ni wa ulinzi. Mchana yuko bandani au kwenye mnyororo, usiku anafunguliwa. Chakula chake kinakuja saa mbili usiku, watu wakishakula: makombo ya mezani, au ugali wa pumba uliosongwa na dagaa. Chombo ni sufuria kuukuu iliyobonyea. Pembeni yake kuna kopo la rangi lililokatwa nusu, ndilo la maji. Mbwa anakula kiasi, anasikia mtu akipita nje, anakimbilia getini na kusahau chakula. Usiku ukishakuwa mzito, panya wanatoka kwenye mtaro. Wanafuata ukuta, maana panya hapendi kukatiza uwanja wazi, na wanaikuta sufuria ikiwasubiri. Panya hukojoa akitembea na akila, matone madogo madogo yasiyoonekana, ndani ya chakula, kwenye ukingo wa kopo, juu ya gunia analolalia mbwa. Alfajiri mbwa anarudi kumalizia kiporo chake. Analamba na yale maji, ambayo yameanza kuota ukijani kwa sababu tangu juzi yanaongezwa tu, hayamwagwi.

Nimejaribu kufikiri kama kuna jambo moja ambalo mwenye mbwa anaweza kulifanya leo bila kutoa hata shilingi, na jibu langu ni hilo bakuli. Mpe mbwa chakula mapema, magharibi, kungali na mwanga. Mwachie muda wa kula, kisha ondoa chombo, kimebaki kitu au hakikubaki, ukioshe kwa sabuni na kukianika mahali panya hafiki. Maji yamwagwe asubuhi na jioni, kopo lisuguliwe. Pumba isikae guniani kwenye sakafu ya stoo. Ihamie kwenye pipa lenye mfuniko unaobana. Haya yanaonekana madogo mno kuandikwa gazetini, lakini ukimnyima panya chakula cha usiku umemwondolea sababu ya kuja, na hakuna dawa itakayokusaidia kama kila usiku unamwandalia karamu.

Baada ya bakuli, mtaro. Maji ya kuoshea vyombo yanayotuama nyuma ya jiko, dimbwi lisilokauka chini ya bomba, shimo la taka lililo wazi, rundo la matofali na mbao zilizobaki baada ya ujenzi: hapo ndipo panya huzaliana na hapo ndipo bakteria hupata unyevu wake. Dimbwi lifukiwe kwa kifusi, mtaro uzibuliwe, mbao zinyanyuliwe kutoka ardhini. Banda la mbwa liwekwe sehemu inayopigwa na jua na sakafu yake iwe na mwinuko ili maji yasisimame.

Kuhusu sumu ya panya nina neno la tahadhari, tena zito. Zipo nyumba zilizoweka sumu kwa nia njema, zikaamka na kukuta mbwa ndiye amelala hoi. Mbwa huila sumu yenyewe kwa kuwa imechanganywa na dagaa au unga, au humla panya aliyekwisha kuila. Mahali penye mbwa au paka, mtego ni bora. Na panya aliyekufa asichukuliwe kwa mkono mtupu. Tumia glavu au mfuko wa plastiki, umfukie.

Mbwa wa vijijini ana hatari nyingine. Kusini mwa nchi, kama ilivyo sehemu nyingi, mbwa huandamana na vijana kwenda kuwinda ndezi, sungura na panya wa mashambani, na nyama ya panya hao ni kitoweo kinachoheshimika. Mbwa ndiye anayeingiza pua kwenye shimo, ndiye anayemng'ata mnyama na kupata damu na mkojo wake mdomoni, na akirudi hupita kwenye mabonde ya mpunga na kunywa humo. Huwezi kumwambia mwindaji asiende na mbwa wake, na mimi sitamwambia hivyo. Lakini anaweza kubeba maji ya mbwa kwenye chupa, akamnyima matumbo na figo mbichi za mnyama aliyewindwa, na wakifika nyumbani akamwosha miguu na kumkagua kama ana majeraha. Anayechuna naye afunike vidonda vya mikono yake.

Masika huongeza hatari hizi zote. Mwaka 2024 mafuriko yaliifunika Rufiji na Kibiti, na wakazi wa bonde la Msimbazi jijini Dar es Salaam wanajua jinsi Jangwani inavyogeuka ziwa kwa mvua ya usiku mmoja. Maji hayo hukusanya kila kilichokuwa mashimoni, chooni na mtaroni, yakakisambaza uani kwa kila mtu. Panya waliofukuzwa na maji huhamia palipoinuka, na mara nyingi palipoinuka ni jikoni kwako na bandani kwa mbwa. Wiki zinazofuata mafuriko ndizo za kumfunga mbwa karibu, kumpa maji ya bomba au yaliyochemshwa, na kumwangalia kwa jicho la karibu.

Umwangalie nini? Mbwa aliyeambukizwa anaweza kuanza kuumwa ndani ya wiki moja au mbili hivi. Kwanza anakataa chakula, jambo ambalo kwa mbwa wetu si la kawaida. Ana homa, anatetemeka, hataki kuguswa kwa sababu misuli inamuuma. Ukimwita anainuka kwa shida, mgongo umejikunja. Anatapika, pengine anaharisha. Wengine hunywa maji kupita kiasi na kukojoa ovyo, na figo zikizidiwa mkojo hupungua au kukatika kabisa. Inua mdomo wa juu uone ufizi, vuta kope ya chini uone weupe wa jicho, mlaze chali utazame ngozi ya tumbo pasipo na manyoya. Ukiona njano, usisubiri kesho. Mkojo wenye rangi ya chai ni dalili nyingine ya kukukimbiza kwa daktari wa mifugo.

Tatizo ni kwamba dalili hizi hufanana na za magonjwa mengine mawili tuliyoyazoea. Ugonjwa wa kupe nao huleta homa na manjano. Parvo nayo huleta kutapika na kuharisha. Hivyo mwenye mbwa hufika duka la pembejeo, hueleza kwa maneno, hupewa sindano ya kupe, akaenda kujichomea mwenyewe nyumbani. Siku zinapita na figo zinaendelea kufa. Daktari anayemwona mbwa mwenyewe atauliza kuhusu panya, mafuriko na uwindaji, atachukua damu na mkojo, na akishuku leptospirosi hatasubiri majibu ya maabara ndipo aanze tiba. Antibiotiki za jamii ya penisilini hutumika mbwa akiwa bado anatapika. Akianza kula hupewa doksisaiklini kwa wiki mbili, nayo ndiyo inayosafisha figo ili asiendelee kumwaga bakteria uani. Wengi huhitaji dripu, na mbwa aliyewahishwa ana nafasi nzuri ya kupona. Anayekatisha vidonge siku ya nne kwa kuwa mbwa ameanza kubweka anaweza kubaki na mbwa anayeonekana mzima huku mkojo wake ukiendelea kuambukiza.

Na hapo suala linarudi kwa watu. Anayemhudumia mbwa mgonjwa avae glavu na viatu vya mpira, watoto wakae mbali naye, na mahali alipokojoa paoshwe kwanza kwa sabuni, kisha pamwagiwe dawa ya klorini ya kufulia nguo nyeupe, kipimo kimoja kwa vipimo kumi vya maji. Sabuni itangulie kwa sababu klorini hupoteza nguvu ikikutana na uchafu. Paka, kwa habari ya wanaomfuga kwa ajili ya panya, huambukizwa pia lakini ni nadra kuugua. Hata hivyo mkojo wake ushughulikiwe kwa uangalifu uleule.

Mtu yeyote wa nyumba hiyo akipata homa, jambo la kwanza amwambie daktari ni kwamba nyumbani kuna mbwa mgonjwa. Maneno hayo yanaweza kuokoa maisha. Mwaka 2007 na 2008, katika hospitali za KCMC na Mawenzi mjini Moshi, watafiti waliwafuatilia wagonjwa 870 waliolazwa kwa homa. Waliodhaniwa kuwa na malaria walikuwa 528. Waliokuwa nayo kweli walikuwa 14. Miongoni mwa magonjwa yaliyokuwa yamejificha nyuma ya jina la malaria ilikuwamo leptospirosi. Duniani kote inakadiriwa kwamba watu zaidi ya milioni moja huugua ugonjwa huu kila mwaka na karibu 59,000 hufa, ingawa antibiotiki zinazouponya ni za kawaida kabisa, zinapatikana hata kwenye zahanati zetu. Kinachokosekana mara nyingi ni mtu wa kuushuku.

Nimeiweka chanjo mwisho kwa makusudi, kwa kuwa bila bakuli safi na mtaro safi haiwezi kubeba mzigo wote peke yake. Lakini ni muhimu mno. Kila tarehe 28 Septemba, Siku ya Kichaa cha Mbwa Duniani, tunaona foleni za watoto na mbwa waliofungwa kamba, na ni jambo jema linalookoa watu. Chanjo ile inazuia kichaa tu. Ya leptospira ni nyingine, na kwa kawaida huja ndani ya chanjo ya mseto pamoja na ya distempa na parvo. Chukua kadi ya mbwa wako uangalie zile herufi kwenye stika ya chupa: palipo na L ndipo penye leptospira. Pasipo na L, hajachanjwa, hata kama kadi imejaa mihuri. Tarakimu inayofuata L ina maana pia. L2 hukinga dhidi ya makundi mawili ya leptospira, Canicola na lile la panya wa mjini. L4 huongeza mawili mengine, likiwamo Grippotyphosa. Makundi ya bakteria huyu ni mengi na kinga ya kundi moja haivuki kwa uhakika kwenda jingine, kwa hiyo muulize daktari ni ipi iliyopo na kwa nini anaichagua. Yeye ndiye anayejua kinachoonekana eneo lenu.

Chama cha madaktari wa wanyama wadogo duniani, WSAVA, katika mwongozo wake wa 2024 kinaihesabu chanjo hii kuwa ya msingi katika maeneo ambako ugonjwa unajulikana kuwapo kwa mbwa na chanjo inayofaa inapatikana. Kwa nchi yenye historia ya Ruangwa, sioni sababu ya sisi kuihesabu kuwa anasa ya mbwa wa kizungu. Halmashauri zinazoandaa siku za kichaa zingeweza angalau kuwaeleza wenye mbwa pale kwenye foleni kwamba chanjo hii ipo, ni ya kulipia, na inapatikana kliniki gani. Mwananchi akishajua ataamua mwenyewe namna ya kujibana.

Chanjo ya leptospira inahitaji kupangwa mapema, tofauti na ya kichaa. Mtoto wa mbwa huanza akiwa na wiki nane hivi, hupewa sindano ya pili baada ya wiki tatu au nne, na kinga haikamiliki kabla ya hiyo ya pili. Mbwa mkubwa ambaye hajawahi kuchanjwa naye huanza kwa sindano mbili hivyohivyo. Kisha ni moja kila mwaka bila kuruka, maana nguvu yake ni ya miezi 12 hivi. Aliyeacha muda mrefu huanza upya. Kwa anayeishi kwenye mvua za masika, zinazoanza Machi, maana yake ni sindano ya kwanza katikati ya Januari na ya pili kabla Februari haijaisha.